Aliyekuwa na Ruhusa ya Kunitania

Tanzia inaposomwa redioni hapa Unguja, jina la marehemu hutangulia kama lilivyoandikwa kwenye vyeti: fulani bin fulani bin fulani. Msikilizaji mwenye kikombe cha chai mkononi huwa hajashtuka bado. Anangoja. Hutajwa mtaa, hutajwa watoto na ndugu walioko Pemba, Dar es Salaam, Mombasa, Maskati na London, hutajwa msikiti atakaosaliwa na saa ya kutoka jeneza. Kisha msomaji hufika kwenye maneno "maarufu kwa jina la", na hapo ndipo nusu ya mji hushika kichwa. Kumbe ni yule! Miaka yote hiyo tumeishi naye na jina la babake hatukulijua.

Jina hilo la mwisho ndilo ninalolifikiria. Mara nyingi lilitungwa na mtoto mwenzake chuoni, mbele ya msahafu, kwa sababu ya meno, au mwendo, au neno moja alilolitamka vibaya asubuhi moja. Mtungaji huenda alishakufa zamani, au alivuka kwenda Arabuni baada ya Mapinduzi ya mwaka 1964 asirudi. Kichekesho chenyewe kilitokana na nini, hakuna anayekumbuka. Lakini kimebaki, kimemganda mwenyewe mpaka kwenye tanzia yake, na bila hicho watu wasingejua wanakwenda kumzika nani.

Tunapofiwa na mwanachuoni, tunajua kukitaja kilichoondoka: darsa zake, fatwa zake, vitabu alivyovihifadhi kifuani. Tunapofiwa na fundi wa milango ya nakshi, tunapita mitaani tukigusa kazi ya mikono yake. Akifa mcheshi tunasema alikuwa na maneno sana, Mungu amrehemu, halafu tunanyamaza. Hasara hiyo hatukai kuihesabu. Mimi nataka kujaribu, kwa sababu nimefiwa, na kwa sababu naona kisiwa hiki kinapoteza watu wa namna hiyo kwa kasi, wakati hesabu zetu ziko kwenye majengo na milango.

Bibi yangu mzaa mama aliishi Miembeni, na mimi nilikuwa mume wake. Ndivyo ilivyo kwetu: mjukuu wa kiume ni mume wa bibi yake, na mjukuu wa kike ni mke mwenza. Nilipokuwa bado sijui kufunga vifungo vya shati, alikuwa akinidai matumizi ya nyumba. "Mume gani wewe, leo tena umekuja mikono mitupu?" Nikimletea pipi moja aliipokea kwa mikono miwili, akaifunga kwenye pindo la kanga, pale pale alipofungia fedha zake. Nilipofeli mtihani hakunigombeza. Alinitangazia kwamba anakwenda kwa kadhi kudai talaka, kwani yeye hakuolewa na mtu asiyejua kuzidisha.

Nilipooa, alifika harusini kabla ya watu wote, akaketi ubavuni mwa biharusi, akasema kwa sauti ya kusikika mpaka jikoni: "Karibu, mke mwenzangu. Mkubwa ni mimi. Zamu nakuachia zote, goti linaniuma, lakini mshahara tutagawana." Mke wangu alicheka mpaka wanja ukamchuruzika, na ule woga wa bibi harusi aliyeingia kwenye nyumba ya watu asiowajua ukamtoka. Mkubwa wa ukoo alikuwa amekwisha kumwambia kwamba nafasi yake ipo. Angelisema hayo kwa maneno ya kawaida, pangelikuwa na hotuba, na mke wangu angeliinamisha kichwa tu.

Alipolala kitandani mara ya mwisho, mwili umekwisha, nilikaa kando yake nikakosa la kusema. Alifungua jicho moja akaniangalia muda mrefu. "Usinililie hapa," akasema. "Watu watasema umenichoka."

Siku ya pili ya matanga niliingia ndani kuwapa pole wanawake. Walikuwa wamekaa juu ya majamvi, mabuibui yamejaa chumba, harufu ya udi imeshika mapazia. Shoga yake wa tangu utotoni, ajuza aliyebaki peke yake katika rika lao, aliinua kichwa akanitazama kama vile nimeingia uchi. "Nyie," akawauliza wenzake, "kizuka huyu nani kamruhusu kutoka? Miezi minne na siku kumi hajaimaliza, tayari yuko barabarani!" Chumba kizima kilicheka. Nami nilicheka, na ndani ya kicheko kile kilio kilichonikwama kifuani tangu makaburini kikapata njia. Ajuza yule alinivuta nikakaa karibu naye, akanishika mkono, tukalia wote wawili, yeye akimlilia shoga yake, mimi nikimlilia mke wangu.

Baadaye, nikilifikiria jambo hili, nimeona kwamba kilichokufa si vichekesho vyake. Vichekesho vingine ninavyo, na nimevisimulia sasa hivi. Kilichokufa ni kule kuitwa. Hakuna mtu mwingine duniani ambaye mbele yake mimi ni mume mvivu asiyeleta matumizi. Mume yule mvivu alikuwa na maisha yake, na visingizio vyake, na ujuvi wa kujibu ambao mimi mwenyewe sina nikiwa kazini au msikitini. Alikuwepo kwa sababu bibi alimwita, na siku bibi alipozikwa, yeye naye alikwenda.

Kumkosea mtu adabu bila kumvunjia heshima ni ruhusa ngumu kuipata. Huwezi kuiomba. Wengine huzaliwa nayo, kama bibi kwa mjukuu, binamu kwa binamu, shemeji kwa shemeji. Wengine huijenga kwa miaka ya kukaa baraza moja. Anayetutania anazijua aibu zetu, amezipima, na amechagua ile tunayoweza kuibeba mbele za watu. Mtu asiyekujua hawezi kukutania. Anaweza kukutukana tu. Ndiyo maana mcheshi akifa, waliomzunguka hubaki na aibu zao nzima nzima mikononi, na hapana wa kuwasaidia kuzibeba.

Wageni walioitawala nchi hii waliliona jambo hili likawashangaza. Mwaka 1940 mwanaanthropolojia wa Kiingereza, A. R. Radcliffe-Brown, aliandika makala iliyokuja kuwa maarufu kuhusu uhusiano wa watu wawili ambapo mmoja anaruhusiwa, na pengine analazimika, kumdhihaki mwenzake, na mwenzake hatakiwi kukasirika. Miaka minne baadaye R. E. Moreau, mtaalamu wa ndege aliyefanya kazi Amani kule Usambara, aliwaacha ndege wake kidogo akachapisha makala juu ya utani wa Tanganyika. Alikusanya mifano ya makabila yaliyotaniana kwa sababu ya vita vya zamani vilivyokwisha kwa suluhu, na kwa sababu ya njia za misafara, pale wapagazi wa Kinyamwezi walipopita kwenye nchi za wengine wakielekea pwani, wakahitaji mwenyeji wa kuwapa maji na wa kuwazika wakifa njiani. Utani ulikuwa mkataba: nitakucheka ukiwa hai, nitakuzika ukiwa maiti.

Kwa hiyo bara na mrima, mtani ana kazi yake msibani. Huweza kufika amevaa nguo ya marehemu, akatembea kwa mwendo wake, akakohoa kikohozi chake, akawadai wafiwa deni ambalo marehemu hakuwahi kukopa. Mtu asiyejua huona ni kejeli. Lakini hebu tufikirie kinachohitajika ili umwige mtu. Lazima uwe umemtazama miaka mingi: bega lipi lilikuwa chini, aliingiaje mlangoni, alikuwa akisema nini kabla ya kukaa. Wasifu tunaousoma makaburini, kwamba marehemu alikuwa mtu wa watu, mpole na mcha Mungu, ungemfaa yeyote katika safu za makaburi ya Mwanakwerekwe. Kikohozi kile kinamfaa mtu mmoja tu. Pale mtani anapokohoa, kila aliyekaa mkekani anajua kwa hakika ni nani aliyeondoka.

Watu wa mila hizo walivuka wakaja Unguja, na wengi wao hawakuvuka kwa hiari yao. Soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa mwaka 1873, na hadhi ya kisheria ya utumwa ikafutwa kisiwani mwaka 1897, lakini Wanyamwezi, Wamanyema, Wayao na Wazaramo walioletwa, pamoja na waliokuja baadaye kutafuta kazi ya karafuu, ndio waliojaza vibanda vya Ng'ambo, ng'ambo ya ule mkono wa bahari uliotenganisha mji wa mawe na mji wa udongo. Mtu aliyenyang'anywa baba na mama na kijiji atawataniaje mabinamu asiokuwa nao? Nadhani alijitengenezea. Alimtafuta mtu wa kabila lililokuwa watani wa kabila lake, akamwita kwa tusi la kirafiki, na kwa tusi lile wote wawili wakawa na ukoo. Ucheshi wa Ng'ambo, ule wa haraka na usioogopa cheo, naamini umetoka hapo. Watu hao walipokwisha kunyimwa kila kitu, jambo la kwanza walilojirudishia lilikuwa ni mtu wa kuwacheka.

Najua wapo wanaosema kucheka msibani ni dharau kwa maiti, na wanalisema kwa nia njema. Dini yetu inakataza kupiga mayowe na kujichania nguo, na inatutaka tuwe na subira. Sina ugomvi na hilo. Lakini kisa nilichokisikia tangu utotoni kwenye darsa za Ramadhani ni kile cha ajuza aliyekwenda kwa Mtume, rehema na amani zimshukie, akamwomba amwombee dua aingie peponi, naye akamjibu kwamba peponi hawaingii vikongwe. Ajuza aligeuka akilia. Ndipo akatumwa mtu amwambie kwamba hataingia akiwa kikongwe, kwani Mungu atawarudisha katika ujana. Mtume alimtania mwanamke mzee juu ya kifo chake mwenyewe, na utani ule ulikuwa bishara. Nikikisikia kisa hiki sasa, namwona bibi na goti lake.

Kuna namna nyingine ya kupotea kwa mcheshi, nayo haingoji mauti.

Mji Mkongwe ulijengwa na baraza zake. Mbele ya nyumba pana benchi la mawe lililotiwa chokaa, limeshikana na ukuta, na juu yake hukaa watu baada ya alasiri na baada ya isha. Muuza kahawa hugonganisha vikombe vyake, wachezaji wa dhumna hupiga meza, na vichochoro ni vyembamba kiasi kwamba hakuna awezaye kupita bila kupita katikati ya mazungumzo. Hapo ndipo akili za Unguja zilipokuwa zikinolewa. Mcheshi wa baraza hakuwa akisimulia hadithi ndefu. Kazi yake ilikuwa juu ya wapita njia. Mwenye kanzu mpya aliulizwa ni harusi ya nani, na kama yeye ndiye bwana harusi mbona hakuwaalika. Mwenye kubeba papai moja aliulizwa kama watoto wanajua kuwa leo ni sikukuu. Waziri alipita, mwizi alipita, kila mtu alilipa ushuru wake wa neno moja, akaendelea na safari. Pale Jaws Corner, panapoitwa kwa jina la ile filamu ya papa ya mwaka 1975, walitundika simu ya zamani kwenye nguzo na kuandika kwamba kupiga nje ni bure. Wazungu huipiga picha. Lakini kwa mji ambao kila nyumba ina mtu wake Maskati au London anayesubiriwa apige, mzaha ule una uchungu ndani yake.

Mji uliingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2000, na mengi ya mawe yameokolewa. Watu, hata hivyo, wamekuwa wakihama. Nyumba ikigawiwa kwa warithi kumi na wawili, mwisho wake huwa kuuzwa, na mwenye kuinunua hufungua hoteli. Mzee aliyekaa baraza moja Kiponda au Sokomuhogo tangu ujana wake huchukuliwa na mwanawe kwenda Fuoni au Tomondo, kwenye nyumba nzuri, yenye ua, na ukuta, na geti la chuma. Mwana amefanya wema, na wala simlaumu. Ana chumba chake mzee, ana choo chake, ana feni. Wapita njia ndio hana.

Nimewatembelea wazee wa namna hii. Nimemkuta mmoja, mtu ambaye nilipokuwa mdogo nilizunguka mtaa wa tatu nisipite mbele ya ulimi wake, amekaa kwenye kiti cha plastiki ndani ya ua akitazama geti. Alinisalimu vizuri, akaniuliza habari za watoto. Nilikuwa nimevaa shati la rangi ya manjano kali, nimelivaa kwa makusudi, nikingoja. Hakusema kitu. Nilipoaga aliniambia niendeshe taratibu. Familia yake ilimzika mwaka uliofuata, nami nilibeba jeneza, lakini hasara nilikuwa nimekwisha kuipata kwenye ule ua. Tunapohesabu nyumba zilizoanguka, na jumba la Beit al-Ajaib lililoporomoka upande mmoja tarehe 25 Disemba 2020 tuliliona wote na tukalilia, tuwahesabu na watu walionyamaza kwa sababu hapana tena anayepita mbele yao.

Je, maneno yao hayawezi kuhifadhiwa? Mfano mkubwa tulionao ni wa Siti binti Saad. Mwanamke huyu wa Fumba, aliyezaliwa katika ukoo wa utumwa, alichukuliwa pamoja na wenzake mpaka Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri za Kiswahili, na santuri zile ziliuzwa pwani nzima. Walipomcheka sura yake na asili yake, aliwajibu kwa wimbo, na jibu lake limeishi kuliko waliomcheka. Shaaban Robert aliandika wasifu wake. Alifariki mwaka 1950. Kwa hesabu ya kawaida, huyu amehifadhiwa. Lakini upande mmoja wa santuri ulibeba kiasi cha dakika tatu tu, na nyimbo zile zilikuwa zimejaa mafumbo juu ya watu wa mji ule ule: mwenye mali fulani, hakimu fulani, mwanamke fulani wa mtaa fulani. Waliokuwa wamekaa sebuleni kwake walijua fumbo limemwangukia nani, wakaangaliana, wakaangua kicheko. Leo tunaisikia sauti, tunayasikia maneno, na wengi wetu hatujui tucheke wapi. Aliyefumbwa hayupo, aliyemjua hayupo. Wimbo umebaki na kicheko chake kimekufa, na hakuna chombo ambacho kingekinasa, kwa sababu hakikuwa ndani ya wimbo. Kilikuwa baina ya watu waliokuwa chumbani.

Bi Kidude, mwimbaji wa taarabu, aliondoka tarehe 17 Aprili 2013, akazikwa Kitumba, na viongozi wa nchi walihudhuria. Huyu alirekodiwa kila namna, akatengenezewa filamu, akapewa tuzo ya WOMEX mwaka 2005. Jina lake la kuzaliwa ni Fatuma binti Baraka, lakini nani alimjua kwa hilo? Umri wake hakuna aliyeujua kwa hakika. Alipoulizwa, aliutaja kwa zama za rupia. Alivuta sigara mbele ya watu, alipiga msondo akiwa amesimama, na aliwafundisha mabinti wa unyago mambo ya ndoa kwa maneno yaliyowafanya wacheke huku wamefunika nyuso. Mji wa watu wanaojisitiri ulimwachia yote hayo. Alikuwa bibi wa kila mtu, na bibi ana ruhusa yake.

Nikimfikiria yeye humkumbuka mchekeshaji Mmarekani mweusi aliyeitwa Moms Mabley, aliyefariki mwaka 1975. Mabley alikuwa bado mwanamke kijana alipoanza kupanda jukwaani kama ajuza: gauni la nyumbani, kofia iliyolegea, baadaye bila meno mdomoni. Alicheza Apollo kule Harlem miaka mingi, na mwaka 1962 akafika Carnegie Hall. Akijifanya bibi kizee anayewataka vijana, aliweza kusema juu ya wanaume, juu ya ubaguzi na juu ya wakubwa wa Washington mambo ambayo mwanamke mweusi wa umri wake wa kweli asingevumiliwa kuyasema. Kinachonigusa ni kwamba yeye alilazimika kuuvaa uzee ili apate ruhusa ile. Kwetu ruhusa hiyo ilikuwa inakuja yenyewe, kila nyumba ilikuwa na wake, na hatukuona kuwa ni utajiri.

Wiki ile aliyofariki mchekeshaji King Majuto, mwanzoni mwa Agosti 2018, runinga zilirudia vichekesho vyake usiku baada ya usiku. Alikuwa mtu wa Tanga, lakini sebule za Unguja zilimcheka kama wa kwao. Watoto waliangua vicheko, kisha mmoja wao akauliza, si wamesema amekufa? Hatukumjibu. Picha ile ilikuwa bado inacheza.

Makunduchi, kusini mwa kisiwa, wanalo jambo ambalo bado nalitafakari. Kila Julai, siku ya Mwaka Kogwa, wanaume wa pande mbili za mji hupigana kwa mikuti ya migomba, kila mmoja akimtafuta aliyemuudhi, na wanawake, wamevaa kanga mpya, huzunguka uwanja wakiimba nyimbo za kuwananga wanaume na wananyumba wenzao, waziwazi, kwa maneno ambayo siku nyingine yangevunja ndoa. Kibanda cha makuti huchomwa moto, watu hutoka mbio, na jioni yake wanakula pamoja. Wazee wa kusini walikuwa wameelewa kwamba kinyongo kisipopewa siku yake, mtu atakufa nacho, na atakayebaki atakuwa na maneno yasiyo na pa kwenda. Niliwahi kwenda na binamu yangu tukiwa vijana. Alipigwa mkuti wa mgongo na mtu asiyemjua kabisa, akageuka kumuuliza kosa lake, na yule mtu akamjibu: "Samahani, nilidhani wewe ni shemeji yangu." Binamu alimrudishia mkuti. "Huo mpelekee shemeji yako," akamwambia, "mwambie umetoka kwangu."

Binamu huyo alihamia Oman. Amefariki huko, akazikwa huko siku ile ile, na sisi huku tukasoma hitima bila maiti. Simu yangu imejaa sauti zake za WhatsApp. Binamu ni mtani kwa haki, na alikuwa akiitumia haki yake asubuhi mapema kabla sijanawa uso. Sauti ya mwisho ananicheka juu ya upara wangu, alioukagua kwenye picha ya harusi ya mtu, anasema umeng'aa mpaka amelazimika kupunguza mwanga wa simu. Kisha ananyamaza kidogo, unasikia gari linapita, halafu: "Jibu basi. Au bando limekwisha?"

Jibu nilikuwa nalo. Nililitunga vizuri nikiwa njiani kwenda kazini, nikaona nitampigia usiku nimwambie kwa mdomo, nimsikie akicheka. Bado ninalo, ni jibu zuri, na halina mtu mwingine hata mmoja linayemfaa. Halina maana kwa mtu asiyemjua yeye na nywele zake mwenyewe, na zile dawa alizokuwa akizipaka kwa siri. Ndiyo hasara yenyewe, nikitakiwa kuitaja: majibu yaliyokwisha kutungwa ambayo mwenyewe hayupo kuyapokea.

Mama yangu hakuwa mtu wa mzaha. Alikaa baina ya mama yake na mimi maisha yake yote akitikisa kichwa, kwani baina ya mzazi na mwana kwetu ni heshima, na mtani lazima aruke kizazi. Yeye ndiye aliyetufundisha kusalimia, kunyoosha kanzu, kutozungumza chakula kikiwa mdomoni. Lakini nafasi ya bibi katika ukoo haikai tupu, na haiulizi kama una kipaji. Baada ya arubaini ya mama yake, nyumba nzima ilimgeukia yeye. Mwanangu wa kiume alikuwa anaanza kusema sentensi ndefu, na mama akaona wajibu umemfika. Mwanzo alikuwa anaona haya. Alimwita "mume wangu" kwa sauti ya mtu anayesoma tangazo, mtoto akamkodolea macho, mama akaanza kunitazama mimi kana kwamba ananiomba nimsaidie.

Hakuacha. Alirudia kesho yake na kesho kutwa, kama anavyorudia kila jambo analoamini ni la lazima. Juzi tulikuwa sote barazani kwake, magharibi imekaribia, akamuuliza: "Mume wangu, umekula?"

"Mke wangu hapiki," mtoto akamjibu, "nimekula kwa jirani."

Mama aliweka kikombe chini. Alimtazama kutoka unyayoni mpaka utosini, bila haraka, na kwa mara ya kwanza niliona kona ya mdomo wake ikifanya kile ambacho ya mama yake ilikuwa ikifanya.

"Basi kalale huko huko kwa jirani," akasema. "Na shuka lako chukua, nimelifua mimi."